Naomba ushauri: mtoto anauliza mbona sokwe bado wapo

Wenzangu, hamjambo. Jumapili baada ya ibada nilimpeleka binti yangu wa miaka 9 Makumbusho ya Nairobi. Alikwama mbele ya mifupa ya Kijana wa Turkana, yule binadamu wa kale aliyepatikana Nariokotome, karibu na Ziwa Turkana, mwaka 1984, akawa anamhesabia mbavu.

Kwenye matatu, kwa sauti iliyomfikia hadi dereva: "Baba, kama tulitoka kwa sokwe, mbona bado wapo?" Watu wakaangua kicheko. Nikamwambia sokwe si babu yetu, ni binamu. Babu yetu sote, sisi na sokwe, aliishi miaka kama milioni 6 au 7 iliyopita. "Aliitwa nani?"

Hapo nikaishiwa. Nyanya yake naye amenuna tangu juzi kwa habari hizi za sokwe. Nimjibuje mtoto bila kumkosea mzee?