Mrejesho: kanda za MiniDV zimeingia kwenye kompyuta

Wakuu, asanteni sana. Niliuliza namna ya kuhamisha kanda za MiniDV (zile kanda ndogo za kamera za video za zamani) za harusi ya dada hapa Moshi, maana nikichomeka USB kompyuta inaona picha za mnato tu. Waliosema tatizo ni waya walipatia: kwenye kamera nyingi za aina hii USB ni ya picha za kwenye kadi, video yenyewe inapita kwenye kitundu cha FireWire kilichoandikwa DV.

Laptop yangu haina kitu hicho. Fundi wa mjini akanitafutia kompyuta ya mezani ya mtumba, akapachika kadi ya FireWire, na WinDV, kiprogramu kidogo cha bure, ikaanza kuvuta. Njia ya mkato hakuna: kanda ya saa 1 inachukua saa 1 na kula GB 13 hivi. Umeme ukikatika, unarudisha kanda nyuma.

Kanda moja ilitoa miraba miraba. Kanda ya kusafishia hedi (sehemu ya kamera inayosoma kanda) ilimaliza karibu yote, ila shangazi akicheza bado anakwamakwama (mwenyewe anadai ndivyo alivyocheza).

Mafaili ya DV nimeyaacha yalivyo, kwenye diski mbili. Ya kutuma WhatsApp nimegeuza kuwa MP4. Hapo msisahau kuwasha kichujio cha kuondoa mistari, la sivyo kila anayesogea anakuwa na kingo kama chanuo.

Na yule aliyesema niuze kamera: siuzi, kanda za kipaimara zinafuata.