2.75% inakatwa kila mwezi, mbona mgonjwa bado anaambiwa atoe taslimu?

Wadau, hebu tupige hesabu, maana nyimbo za Afya kwa Wote tumezichoka.

Tangu Oktoba 2024 SHIF, mfuko wa bima ya afya ya jamii hapa Kenya, inakata 2.75% ya mshahara kabla ya makato mengine, bila kikomo. Enzi za NHIF, bima ya taifa iliyotangulia, wa mshahara wa shilingi 100,000 alikatwa 1,700 basi. Leo 2,750. Wa 200,000 ni 5,500. Mwajiri haongezi hata ndururu! Kazi yake ni kukata na kuwasilisha kufikia tarehe 9. Waajiri walijua kujitetea.

Mama mboga naye anaulizwa paa lake ni la nini, choo cha aina gani, anapikia nini, kisha mtambo wa kompyuta unamkadiria kipato ambacho hajawahi kukishika. Kima cha chini ni 300 kwa mwezi, ila alitakiwa alipe ya mwaka mzima kwa mkupuo: 3,600. Huo ni mtaji wa mtu! Asipolipa, akilazwa hana bima. Mpango wa Lipa SHA Pole Pole (SHA ni mamlaka inayosimamia SHIF) ulikuja baadaye, nao ni mkopo wa kulipia mchango huo. Kwa hiyo mzigo unamrudia yule yule wa mshahara, kwa kuwa yeye hana pa kukimbilia.

Hospitali binafsi? RUPHA, chama chao, ilisitisha huduma za SHA Februari 2025 kwa sababu ya malimbikizo ya madeni ya NHIF. Kusema kweli hoja wanayo: wanalipwa 900 kwa mtu kwa mwaka kwa matibabu ya asiyelazwa, yaani shilingi 75 kwa mwezi. Mtibu mtoto kifua kwa hizo tuone. Lakini fimbo waliyoishika ilikuwa mgonjwa, na ilichapa. Machi Rais akaagiza hospitali zinazodai hadi milioni 10 zilipwe zote, madai ya zaidi ya hapo yahakikiwe kwa siku 90. Waliotoa taslimu siku zile za mgomo, nani aliagiza warudishiwe?

Tuje kwenye mtambo wenyewe. Mkaguzi Mkuu wa Hesabu aliripoti 2025 kwamba mfumo huu wa bilioni 104.8 ulipatikana bila zabuni ya ushindani, na serikali si mmiliki wake. Malipo yake yanatoka kwenye 2.5% ya michango na 5% ya madai ya hospitali. Dai la kujifungua kwa upasuaji ni 30,000. Kwa hesabu hiyo 1,500 ni ya mtambo.

Wanaosema shida ni wananchi kutojisajili, waje hapa waanze na hiyo 1,500.