Pai ya tufaha: jibini ndani ya unga wa ganda au kipande juu?

mgeni_wa_oveni: Wakuu naombeni ulinganisho. Nataka kuoka pai ya tufaha yenye jibini, sasa kuna wanaokwaruza jibini wanachanganya kwenye unga wa ganda, wengine wanaipanga katikati juu ya matufaha, wengine wanaweka kipande juu pai ikishaiva. Ipi tamu na ipi haina usumbufu? Na jibini gani? Mozzarella inafaa?

Mama_Siagi: Ndani ya ganda, mi hapo sibishani na mtu. Unga wa ngano gramu 300, siagi ya baridi gramu 150, cheddar kali gramu 115, chumvi nusu kijiko cha chai basi manake jibini yenyewe ina chumvi, alafu maji ya barafu unaongeza kijiko kimoja kimoja mpaka unga ushikane. Siagi nimepunguza makusudi, theluthi ya cheddar ni mafuta so ukiweka siagi ya ganda la kawaida itavuja yote kwenye trei. Unatoa madonge mawili, la chini na la kufunika, unayaacha kwenye friji saa nzima ndo usukume. Na jibini kwaruza mwenyewe, ile ya pakiti imenyunyiziwa wanga isigandane na haichanganyiki vizuri.

kijiko_kikubwa: Mozzarella achana nayo, karibu nusu yake maji na ladha haina, ganda linakuwa zito. Parmesan ni kavu na ina chumvi sana, weka nusu ya kipimo cha cheddar. Gruyere nayo iko poa ukiipata.

fundi_moto: Mama_Siagi yuko sawa ila moto hajaugusa, na ndo penye kazi. Ganda lenye jibini linashika rangi mapema kuliko la siagi tupu, kwahiyo ukitegemea rangi utatoa pai matufaha bado magumu. Anza nyuzi 220 kwa dakika 20, shusha 190 kama dakika 40 hivi, ukiona juu pamekolea funika na foili uendelee. Toa ukiona mchuzi unachemka mzito kwenye matundu ya katikati, sio pembeni tu. Pai iwe rafu ya chini juu ya trei iliyokwisha pata moto, ganda la chini liwahi kukauka kabla halijanyonya maji.

Chumvi_Kwa_Mbali: Dada Mama_Siagi kwa heshima zote, jibini ikishaokwa saa nzima ndani ya unga unabaki na chumvi na harufu, jibini yenyewe huisikii. Kipande juu ndo jibini. Kule Yorkshire, Uingereza, wanakula pai ya tufaha na jibini yao ya Wensleydale pembeni miaka nenda rudi, na jimbo la Vermont huko Marekani mwaka 1999 walipitisha mpaka sheria, ukiandaa pai ya tufaha ujitahidi kuiweka na maziwa baridi au aiskrimu ya vanila au kipande cha cheddar. Kipande, sio unga!

Mama_Siagi: @Chumvi_Kwa_Mbali cheddar uliyotumia ilikuwa changa. Iliyokaa mwaka na zaidi haipotei hata ufanyeje. Na nani kakataza ganda la jibini NA kipande juu?

tufaha_kijani: Mnagombania jibini matufaha mmeyaacha. Chukua Granny Smith, ni chachu inakata ule mafuta mafuta wa jibini na haivunjiki motoni, ukitaka utamu changanya na Golden Delicious. Red Delicious hapana, inalegea inakuwa uji. Kata vipande, nyunyiza sukari na limau uache nusu saa maji yatoke, hayo maji chemsha yapungue ndo urudishe pamoja na kornstachi kidogo. Mdalasini usizidishe, unaua jibini.

mgeni_wa_oveni: Asanteni. Ile ya kupanga katikati mbona hamjaigusa

fundi_moto: Inayeyuka, mafuta yanaingia kwenye mchuzi unakuwa mwepesi na ganda la chini linalowana. Kwa kuanza weka kwenye unga, alafu ikitoka usiikate ya moto, ipe saa 3 mchuzi ushike.

Chumvi_Kwa_Mbali: Na hizo saa 3 ukiwa unasubiri, kata kipande cha cheddar weka tayari 😄