Naomba ushauri: mshairi Mwingereza Coleridge aliathiriwa na Wajerumani au aliwaibia?

Wakuu, habari za jioni. Nimekwama kwenye tasnifu yangu ya uzamili, inayohusu fasihi ya Kijerumani ilivyowaathiri waandishi wa Uingereza.

Waandishi Scott na Carlyle hawakunisumbua. Scott alitafsiri tamthilia ya Mjerumani Goethe mwaka 1799, Carlyle riwaya yake mwaka 1824, na mwenye mali anatajwa waziwazi.

Shughuli ni Coleridge. Alikwenda Ujerumani mwaka 1798, akajifunza lugha, na mwaka 1800 akatoa tafsiri za tamthilia za Mjerumani Schiller. Hapo sina neno. Ila kwenye kitabu chake Biographia Literaria (1817), sura ya 9 anamsifu mwanafalsafa Mjerumani Schelling na kujitetea mapema asije akaitwa mwizi. Ukifika sura ya 12, aya kwa aya ni Schelling yule yule kwa Kiingereza, mara nyingi bila kutajwa! Mwandishi De Quincey aliyasema haya tangu 1834, Coleridge akiwa ameshafariki.

Nimeweka matini mbili sambamba nikipaka njano panapofanana. Kuna ukurasa umebaki njano tupu, na Kijerumani changu chenyewe ni cha kuokoteza kwenye kamusi. Msimamizi wangu anasema wizi si athari, niifute sura. Mimi roho inasita, maana wasomaji wengi wa Kiingereza walionja falsafa hiyo kupitia mkono huo huo.

Je, niibakize sura kwa kuangalia athari kwa wasomaji badala ya mwandishi? Na kwa Kiswahili, mpaka kati ya uigaji na wizi wa maandishi mnauwekaje?