Beseni la kilo 24, kilo 26 zimeuzwa, na mwalimu ametoa pointi!

Wazazi wenzangu wa Bukavu, mnivumilie leo. Niko na hasira na sitaimeza.

Mimi ninauza sambaza, wale samaki wadogo, hapa Kadutu. Mtoto wangu yuko cinquième, darasa la tano. Juzi amerudi na kaye yake, daftari la hesabu, sifuri ya biki nyekundu imezungushwa mara mbili, kama vile mara moja haikutosha kumuaibisha. Problème yenyewe, hesabu ya maneno iliyoandikwa kwa Kifaransa, kwa Kiswahili ni hii: mama ana kilo 24 za sambaza. Asubuhi anauza moja juu ya tatu. Mchana anauza robo tatu ya zile zilizobaki. Amebakiwa na kilo ngapi?

Mtoto alichora sanduku refu, akalikata vipande vitatu, kila kimoja akakiandikia 8. Kimoja akakipiga mistari: kimeuzwa. Viwili vilivyobaki akavikata katikati, vikawa vinne vya kilo nne nne. Vitatu akavipiga mistari. Kimoja kikabaki cheupe. Kilo 4. Mimi mwenye beseni nilihesabu kichwani kabla hata sijamaliza kusoma, nikapata hizo hizo 4. Chini ya mchoro mwalimu ameandika: operesheni ziko wapi?

Hapo ningenyamaza. Lakini mtoto wa jirani anasoma darasa moja na wangu, nikaomba kaye yake. Huyo alichukua moja juu ya tatu na tatu juu ya nne, akazileta zote chini ya 12, akajumlisha, akapata 13 juu ya 12. Akazidisha na 24. Kilo 26 zimeuzwa! Mwisho akatoa 24 kwa 26, akaandika "imebaki kilo 2". Amepewa 3 juu ya 5, kwa sababu mistari imenyooka na operesheni zote ziko kwenye upande wake.

Kilo 26 kutoka beseni la kilo 24. Ningejua kuuza namna hiyo, saa hii ningekuwa ninajenga Muhumba, kule kwa matajiri.

Nikaenda kumuona mwalimu. "Mwalimu, soma tena, wameandika du reste, ya zile zilizobaki." Akanijibu kwa upole, siwezi kumsingizia: "Mama, pointi ni za njia. Michoro ni ya première, ya darasa la kwanza." Njia gani inayofikisha mtu kilo 26?

Jioni nikamuuliza yule wa jirani, kwa Kiswahili: ukiuza kidogo asubuhi, mchana utauza nini? "Zile zimebakia." Hata hakufikiri. Kumbe hesabu anaijua, ni neno reste ndilo lililompita. Miaka ya kwanza wanasoma kwa Kiswahili, halafu Kifaransa kinashuka juu yao kama mvua, na hakuna anayesimama hata dakika moja kwenye neno dogo lenye problème nzima ndani yake. Sheria ya 2014 imeruhusu lugha za taifa zifundishie. Kwenye darasa letu Kiswahili kinasikika wakati wa kugombeza tu.

Ndiyo, najua, tangu masomo ya bure ya 2019 madawati yamejaa watoto, na kaye zote hizo mtu anazisahihisha peke yake usiku. Namhurumia. Lakini kuona kwamba 13 juu ya 12 ni zaidi ya beseni zima hakuhitaji muda, kunahitaji kutazama.

Kilichonileta hapa ni cha jana. Nilimwambia mwanangu: mandazi 12, nusu mpe dada yako, theluthi ya zilizobaki mpe baba. Zamani angezipanga mezani, azihesabu kwa kidole. Jana hakuyatazama mandazi. Alinitazama mimi: "Mama, hii ni ya kujumlisha ama ya kuzidisha?"

Nani mwingine ana kaye ya namna hii nyumbani? Leteni. Jumatatu ninaenda kwa direkta, na sitaki kwenda peke yangu.