Bingwa wa makasia anafaa kuwa kocha?

MwanaKibirizi: Wakuu, huku Kigoma vijana wanapiga kasia tangu utotoni wakifuata dagaa. Nataka kuwaingiza kwenye mashindano. Nitafute kocha aliyewahi kuwa bingwa?

Binti Ujiji: Mtazame Steve Redgrave wa Uingereza. Dhahabu tano za Olimpiki, 1984 hadi 2000. Ile ya mwisho, Sydney, ana miaka 38 na kisukari juu! Mwaka 2018 China wakamchukua asimamie makasia yao. Olimpiki ya Tokyo, wanawake wao wanne wakabeba dhahabu.

Mzee wa Katonga: Sawa, ila kwenye makasia ya mashindano unakaa umeipa mgongo njia, kiti kinateleza, nguvu inatoka miguuni. Vijana wetu wanatumia mabega tu. Anza na miguu, mwanangu. Na maboya ya kuvaa nunua kwanza, kocha baadaye.