Ushauri wa haraka: "resilience" kwa Kiswahili tunasemaje? Nina presha

Kalamu ya Kukodi (mleta uzi)
Wakuu, heshima kwenu.

Mimi ni mfasiri wa kujitegemea, nipo Dar. Nimepewa kijitabu cha kurasa 44 kitakachokwenda kwa wananchi wa bonde la Mto Rufiji, wale waliopigwa na mafuriko ya 2024. Malipo si haba. Kinachonitoa jasho ni neno moja la Kiingereza, "resilience". Limo mara 61, nimehesabu. Limo kwenye jalada. Limo hata kwenye shukrani.

Nimechimba asili yake nikazidi kuchanganyikiwa. Kilatini "resilire", kuruka kurudi nyuma. Sasa nikimwambia mzee wa Utete kwamba mradi utamjengea uwezo wa kuruka nyuma, si ataniuliza nimekunywa nini?

Nina maneno matatu mezani: ustahimilivu, unyumbufu, uvumilivu. Naomba kujua kama hili la "uvumilivu" lina ubaya wowote. Nawasilisha tarehe 28. Usiku silali.

Siti ya Dirishani
Natandika mkeka hapa, nasubiri wajuzi.

Baba Samasoti
Kuruka nyuma ni samasoti, mkuu. Sisi Coco Beach tulikuwa tunapiga tatu mfululizo mchangani huku watoto wa kike wanahesabu. Jumapili moja nikatua kwa shingo. Wiki mbili nageuka mwili mzima kama roboti kila mtu akiniita. Toka siku ile sirukii mbele wala nyuma.

Mama Wawili Kimara
Ustahimilivu. Redio kila siku inasema ustahimilivu wa mabadiliko ya tabianchi. Uzi umeisha, kalale.

Kalamu ya Kukodi
Asante dada. Ila "ustahimilivu" si neno la ofisini sana? Uvumilivu kila mtu analijua, hata mtoto. Na maana zinakaribiana.

Fundi Springi
Niingie kifundi kidogo. Miaka kumi na tisa nafunga springi za malori Tandika, na hilo neno alinifundisha mhandisi mmoja mteja wangu. Alisema kwenye uhandisi limeingia zamani, Mwingereza Thomas Young analo kwenye mihadhara yake ya 1807. Maana yake kwa chuma ni akiba ya nguvu: unakibonyeza, kinajikunja, kinaitunza ile nguvu, ukikiachia kinakurudishia yote. Mradi hujavuka mpaka wake. Ukivuka, springi inalala moja kwa moja, hairudi.

Alinipigia na hesabu. Chuma cha kawaida cha ujenzi, kile kinachoanza kulegea kwenye mkazo wa megapaskali 250, mita moja ya ujazo inatunza kama kilojuli 156. Chuma cha springi chenye uwezo mara nne ya huo kinatunza mara 16. Mara nne inazaa kumi na sita! Ndiyo maana huwezi kuchonga springi kwa nondo ukategemea gari litapanda.

Sasa msichanganye na shokapu. Shokapu hairudishi kitu. Inakula mtikisiko, inaugeuza joto, basi. Uvumilivu ni shokapu. Neno lako ni springi.

Mtu wa Kopa
Bandugu, mie niko Lubumbashi, nitajaribu Kiswahili chenu cha shule. Fundi, kwetu Kifaransa kinageuza hayo maneno. Kwenye maabara ya chuma, "résilience" ndiyo kipimo cha Charpy, Mfaransa aliyekieleza 1901. Unachukua kipande cha milimita 10 kwa 10 kwa 55, unakitia mkato wa V katikati, nyundo ya kuning'inia inashuka na kukivunja kwa pigo moja. Unasoma nyundo imepoteza nguvu kiasi gani. Hakuna kurudi hapo! Kipande kimekatika pande mbili na ndipo tunaandika kwamba kina "résilience" nzuri. Mwaka wa kwanza kazini nilibishana na Msauzi mmoja siku nzima, kumbe kila mmoja anasema kitu chake.

Fundi Springi
Duh. Yaani kwenu mpaka uvunjike ndiyo wanakusifia.

Mwalimu Mstaafu 59
Vijana wa leo hawana hicho kitu kwa jina lolote lile. Sisi tulikwenda shule kilomita tisa kwa miguu, hatukuwa na mtu wa kutupa moyo, na leo tunakula pensheni. Nikiwa chuo tulisoma utafiti wa Emmy Werner kisiwani Kauai, kule Hawaii. Alifuatilia watoto 698 waliozaliwa 1955. Theluthi moja walizaliwa kwenye shida nzito, umaskini, ulevi wa wazazi, magomvi ya nyumbani. Katika hao wa shida, theluthi moja wakakua watu wazima wa maana, wanafanya kazi na wana upendo. Malezi, ndugu zangu. Simu zinaharibu watoto.

Mama Wawili Kimara
Shikamoo mwalimu. Ila si huyohuyo aliyesema wale waliosimama walikuwa na mtu mzima hata mmoja wa kuwashika mkono, bibi, shangazi au jirani? Hawakusimama kwa kuvumilia peke yao. Na wewe hizo kilomita tisa hukuzitembea na njaa, kuna mtu aliamka kukupikia uji.

Mwalimu Mstaafu 59
Marahaba. Mama alinipikia, Mungu amrehemu. Uji wa ulezi.

Mzee wa Barza
Assalaam alaykum. Mimi niko Mji Mkongwe, naelekea kuswali, lakini neno hili limenikamata mguu. Mwanangu, unasema Waswahili hatuna kuruka nyuma? Tunako, tena kwingi. Mtu akikopa, siku ya kulipa akasema sikujui wala sikukuona, tunasema kaniruka. Akikana mbele ya mashahidi, karuka kimanga. Hivyo Kilatini chako kwetu ni cha kila siku, tena sokoni.

Wakili Asiyelala
Shikamoo mzee, umegonga msumari. Neno hilohilo la Kilatini lilizaa kitenzi cha Kiingereza "resile", ambacho wanasheria, hasa wa Scotland, bado wanakitumia: kuruka makubaliano, kujitoa kwenye ulichokubali. Ndugu wawili wa tumbo moja. Mmoja ameshuka kwenye mabango ya miradi, mwingine kabaki mahakamani na watu wanaokimbia mikataba yao.

Mleta uzi, wewe ulisaini mkataba? Kuna kifungu cha muda? Umeshachukua malipo ya awali?

Kalamu ya Kukodi
Malipo ya awali nimechukua, asilimia 40. Lakini wakuu turudi kwenye mada. Nataka tu mtu mmoja aseme "uvumilivu" halitanifunga. Wahenga wenyewe wamesema mvumilivu hula mbivu.

Baba Samasoti
Mbivu zishaliwa na kima, mkuu. Siku hizi mvumilivu anakuta kokwa.

Mama Wawili Kimara
Kalamu, hii ni mara ya tatu unalitetea hilo neno na hakuna aliyekuunga mkono. Nina watoto wawili, najua mtu aliyevunja kikombe akaja kuuliza kama vikombe ni ghali. Umeshaliandika wapi?

Siti ya Dirishani
Mama kashika usukani.

Kalamu ya Kukodi
Sawa. Niseme.

Mwezi uliopita, kabla hata sijafungua kijitabu, ofisi iliyonipa kazi ilinipigia. Wanataka sentensi moja ya kanga, zigawiwe siku ya uzinduzi, na mchapaji anasubiri kwenye simu ya pili. Nilikuwa ndani ya daladala natoka Ubungo kwenda Mbezi, konda anapiga kelele, mtoto wa mtu kalalia bega langu. Wakanisomea Kiingereza chao, nikawajibu palepale. Wakauliza "una uhakika?" Nikasema hilo neno nimeshalijadili na wataalamu.

Zimechapwa doti 350. Jina la kanga ni UVUMILIVU WETU NDIO NGUVU YETU.

Ndiyo maana nataka kijitabu kizima niandike uvumilivu, mara zote 61, vilingane. Nikiandika ustahimilivu watauliza mbona kanga inasema kingine. Na kusema kweli naona si kosa kabisa. Nani anasoma kanga kwa kamusi?

Mzee wa Barza
Nani anasoma kanga? Mwanangu, wewe umeoa? Kanga kusomwa ndiyo kazi yake! Watu wameachana kwa jina la kanga. Shangazi yangu alinunua moja akapita nayo mara mbili tu mbele ya mlango wa mke mwenza, hakusema neno, na mtaa mzima ukajua habari.

Mto Haulali
Nimesoma kimya toka juu. Mimi nipo Ikwiriri, kwetu ndiko hizo kanga zinakokuja.

Nikwambie ndugu yangu. Sisi na maji hatujuani leo. Bibi yangu alizaliwa bondeni. Maji yakipanda watu wanapanda dunguni, yakishuka wanashuka na mbegu mkononi, wanapanda mlau kwenye tope lililoachwa, mahindi yanaota na unyevu wa mto wenyewe. Mafuriko hayakuwa adui, yalikuwa ndiyo mbolea. Baada ya yale ya 1968 watu wakaambiwa wahamie juu, Operesheni Rufiji, lakini bibi aliendelea kushuka kulima mpaka magoti yalipokataa. Huko ndiko kuruka nyuma kwenu, ingawa yeye angesema "tumerudi shambani" akamaliza.

Mwaka 2024 maji yalikuja, yakakaa. Mpunga ukaozea shambani, nyumba zikalala. Watu walikuwa wanauliza mbegu, mitumbwi, dawa, na maji yatashuka lini. Halafu mama yangu apewe kanga inayomwambia uvumilivu ndio nguvu yake? Kavumilia kabla hujazaliwa. Akiisoma ataelewa kwamba anaambiwa anyamaze. Hatakosea.

Shamba Darasa
Naongezea hapo. Mwaka 1996 mwanaikolojia wa Kanada, Holling, aliligawa neno hili pande mbili, na watu wa miradi huwa wanazichanganya. Kuna upande wa fundi wetu: ukitikiswa unarudi ulipokuwa, na tunapima unarudi kwa kasi gani. Na kuna upande wa msitu au ziwa: mtikisiko mkubwa kiasi gani unaweza kuumeza kabla hujageuka kitu kingine kabisa. Mikoko ya delta ya Rufiji haibaki ileile, mchanga unahama, mkondo unahama, miti mingine inakufa na mingine inaota kwingine, na bado ni mikoko. Mleta uzi, soma hicho kijitabu uone kinasema upande gani. Yawezekana mara 61 si neno moja.

Kalamu ya Kukodi
Mto Haulali, samahani kaka. Sikulitazama hivyo.

Lakini mjue nami nina familia. Nikikiri, asilimia 60 iliyobaki inakwenda. Nilikuwa nafikiria kusema mchapaji ndiye aliyebadilisha neno. Mchapaji mwenyewe hawamjui vizuri.

Wakili Asiyelala
Hapo ndipo mzee wa Unguja alipokuonya. Unataka kuruka kimanga kwa kazi ya neno linalomaanisha kuruka. Mchapaji ana ujumbe wa simu, ndugu. Wachapaji huwa hawafuti.

Baba Samasoti
Kalamu njoo Coco Beach nikufundishe kutua.

Jicho la Tatu
Jamani mmekunywa chai hii mpaka majani. Hebu tumieni akili. Huyu mtu alianza na "nimekwama kwenye neno". Kisha ghafla kuna kanga. Kisha konda. Kisha mtoto kalalia bega. Mtu mwenye presha anakumbuka mtoto wa mtu alilalia bega? Kanga zinachapwa kabla kijitabu hakijafasiriwa? Na akaunti imefunguliwa wiki hii. Huyu ni mwanafunzi, ana kazi ya chuo kuhusu tafsiri, anatukusanyia majibu bure. Au mwandishi wa hadithi anajaribia mitambo kwetu. Mto Haulali naye inawezekana ni yeye, maana wote wanaandika aya zilizonyooka.

Mto Haulali
Mimi ni yeye? Kaka njoo Ikwiriri nikuonyeshe alama ya maji ukutani. Ipo juu ya dirisha.

Siti ya Dirishani
Mkeka nimeukunja, nimekuja mbele.

Mwalimu Mstaafu 59
Kama ni mwanafunzi, amepata alama nzuri kuliko wangu wengi.

Kalamu ya Kukodi
Akaunti ni mpya kwa sababu ile ya zamani ofisini wanaijua. Kanga zilitangulia kwa sababu uzinduzi ulitangulia, miradi ndivyo inavyokwenda, ulizeni yeyote aliyefanya. Picha ya kanga siweki, jina la mradi liko pembeni ya pindo na nitajulikana. Mwenye kuamini aamini.

Jicho la Tatu
"Picha siweki." Nimemaliza.

Mama Wawili Kimara
Iwe chai iwe maji, mimi nimejibu kama ni kweli. Kalamu, piga simu kesho asubuhi, sema nilikosea nikiwa njiani. Kijitabuni andika ustahimilivu pale wanapozungumzia mipango, na pale wanapozungumza na watu andika vitendo: kurudi shambani, kuinuka, kujenga juu zaidi. Kanga zikibaki ofisini watafungia mapazia.

Kalamu ya Kukodi
Zimeshapakiwa dada. Gari linaondoka Alhamisi.

Mto Haulali
Basi Alhamisi nitakuwa stendi. Tutajua nani ni nani.

Mzee wa Barza
Nimerudi kutoka msikitini. Amepiga simu?

Mto Haulali
Leo ndiyo Alhamisi. Saa kumi na moja jioni. Gari halijaja, mvua ndiyo imekuja.

Dereva wa IST
Samahani kwa kutoka nje ya mada. Fundi Springi, shokapu za nyuma za IST kwako bei gani, na unafunga siku hiyohiyo?